Pointi Moja ya Seattle

Mpwa wangu wa Iten amepata barua pepe kutoka kwa kocha mmoja wa Marekani, na tangu hapo simu yangu haipumui. Juzi usiku kaniuliza, "Mjomba, Stanford iko bahari gani?" Nikamwambia Pasifiki, California, sisi tulikuwa tunaenda. "Sasa mbona hapa wameandika wako konferensi ya Pwani ya Atlantiki?"

Nikavuta pumzi nianze kumweleza. Nikaanzia 1915. Nilipofika kama 1928 nikasikia upande wa pili mtu anatafuna mahindi, nikajua darasa limekwisha. Lakini usingizi ulikuwa umesharuka, kwa hiyo mtaumia nyinyi.

Mambo ya Pullman, mji wa chuo nilichosoma Marekani, wengi mmeshayasikia kwangu, sirudii nilivyofika na koti la kuazima. Niseme tu kwamba chuo chetu, Washington State, kilikuwa ndani ya kundi la vyuo kumi lililoitwa Pac-10. Kwa mwanariadha, konferensi ndiyo ulimwengu wake: unaoshindana nao kila mwaka, barabara unazopita, watu unaowachukia kwa adabu. Ilizaliwa Desemba 1915 katika hoteli moja mjini Portland, vyuo vinne tu: California cha Berkeley, Washington cha Seattle, Oregon, na chuo cha kilimo ambacho leo ni Oregon State. Sisi tukaingia 1917, Stanford mwaka uliofuata. USC ya Los Angeles ikaja 1922, UCLA 1928. Mwaka 1959 ikavunjika, baada ya kashfa ya pesa za chini ya meza walizokuwa wakipewa wachezaji wa futiboli yao ya Kimarekani. Matajiri watano wakaunda nyingine mwaka huohuo, na sisi wa mashambani tukabaki mlangoni hadi 1962. Arizona na Arizona State walipoingia 1978 ndipo tukatimia kumi.

Niliyoikuta mimi katikati ya miaka ya tisini ilikuwa imepangika kama viatu mlangoni mwa msikiti, jozi kwa jozi. Wawili wa jimbo la Washington, wawili wa Oregon, wawili wa ghuba ya San Francisco, wawili wa Los Angeles, wawili wa Arizona. Kila mmoja ana jirani yake wa kugombana naye. Jirani yetu alikuwa Seattle. Wao wana bahari, wana ndege za Boeing, wana jezi za zambarau. Sisi tuna ngano.

Na ngano yenyewe si mchezo. Mimi ni mtu wa Moiben, nimezaliwa kwenye ngano, lakini nilipoviona vile vilima vya Palouse, nchi inayoizunguka Pullman, kwa mara ya kwanza nilidhani dereva amenizungusha akanirudisha Uasin Gishu. Tofauti ni mteremko. Kule kilima kinasimama wima kiasi kwamba kombaini zao zimetengenezwa zijisawazishe zenyewe: magurudumu yanainama na mlima, chumba cha dereva kinabaki sawa kama meza. Nalijua hilo kwa sababu mrusha mkuki wetu alikuwa mtoto wa mkulima wa huko, na wakati wa mavuno alinichukua kwao. Mgeni siku mbili. Siku ya tatu baba yake akanikabidhi lori la kubebea nafaka. Mzee alitaka kujua kila kitu. Mwinuko wa Moiben, kutu ya ngano, gunia linauzwaje. Nilipomweleza kwamba baba yangu ana ekari chache na kombaini anakodi kwa majirani wakubwa, na anangoja zamu hadi mvua inamkuta, akatikisa kichwa kwa huruma ya kweli, ya mkulima kwa mkulima. Mwanawe naye nikamfundisha neno moja la Kiswahili, kwa ajili ya kazi. Nikiwa nyuma ya usukani na yeye chini ananielekeza: mbele, mbele, mbele, basi.

Sasa Seattle. Kila majira ya kuchipua tulikuwa na siku ya kupambana na Washington peke yao, chuo kwa chuo. Hesabu yake ni rahisi: wa kwanza pointi tano, wa pili tatu, wa tatu moja. Wa nne anakwenda kuoga.

Basi liliondoka alfajiri. Linapita Colfax, mji mdogo wenye mahakama ya wilaya na maghala ya nafaka, halafu linakata magharibi kwenye nchi kavu isiyo na mti, linavuka mto Columbia pale Vantage, linapanda milima yenye theluji, linashuka upande wa pili kwenye mvua. Upande wa pili ni mvua tu. Warusha kisahani wamelala na miguu yao kwenye ujia, sisi wakimbiaji wadogo tumebanwa madirishani. Nilikuwa na ufadhili wa nusu. Sheria wakati huo ilikuwa chuo kinaruhusiwa fungu la ufadhili 12.6 kwa wanaume wote wa riadha, kwa hiyo makocha waliwakata watu vipande kama nyama ya mnada. Nusu yangu ilikuwa inaangaliwa kila msimu, na mimi naiangalia pia.

Mbio zangu zilikuwa mita 3,000 kuruka viunzi na maji. Hapo mnaelewa mzigo. Jezi ile nyekundu iliyoiva, Mkenya ndani yake, mbele ya viunzi, tena Seattle! Henry Rono, mtu wa Nandi, akiwa mwanafunzi wa chuo kilekile, alivunja rekodi nne za dunia ndani ya siku 81 mwaka 1978. Ya mita 5,000 aliivunja Berkeley Aprili 8. Ya viunzi na maji, dakika 8 na sekunde 5.4, aliivunja Seattle Mei 13. Baada yake wakapita Julius Korir, aliyechukua dhahabu ya Olimpiki 1984, na Peter Koech, aliyeichukua rekodi ya Rono 1989. Wote Pullman. Halafu mimi. Mzee mmoja wa kupanga viunzi aliangalia jezi yangu, akaangalia uso wangu, akatabasamu, akawaita wenzake waje karibu na uzio.

Wangeweza kukaa walipokuwa wamekaa.

Mwenzangu wa Marakwet alijiondokea mapema, hatukumwona tena. Mmoja wa zambarau akamfuata kwa mbali. Nyuma yao tukabaki wawili, mimi na kijana mrefu wa Seattle mwenye nywele nyekundu, tunaizungukia ile pointi moja. Mvua haikuwa kubwa, ile ya kunyunyiza tu, ya kukupofusha taratibu.

Ngoja niwaeleze shimo la maji kwa ambao hamjalirukia. Kiunzi chake hakianguki, ni gogo nene la mbao lililosimikwa, linakufika kiunoni. Ng'ambo yake kuna shimo karibu mita nne. Chini ya kiunzi maji yanapita goti, kisha sakafu inapanda hadi inakutana na uwanja. Mwenye nguvu anakanyaga juu ya gogo kwa mguu mmoja, anajisukuma, anatua kule maji yanakoishia. Aliyechoka anadondoka tu, na anadondokea kwenye kina. Unarukia shimo hilo mara saba, na kila mara viatu vinaongezeka uzito.

La sita nilidondoka. Maji ya Seattle ya majira ya kuchipua si maji, ni kisu. Yaliingia mpaka kwenye mbavu, nikasikia pumzi yangu inatoka kwa sauti ambayo si yangu, na nilipoinua kichwa yule kijana alikuwa amenitangulia hatua kumi hivi. Kengele ya mzunguko wa mwisho ikalia. Ndipo nikaanza kusikia kelele kutoka ndani ya uwanja, upande wa majani.

Alikuwa mrusha mkuki. Amemaliza kazi yake, amefunga mfuko wa barafu kwenye kiwiko kwa plasta, na anakimbia sambamba nami. Jitu la kilo zaidi ya mia, linakimbia kwenye majani mabichi na viatu vya kurushia, barafu inamwagika nyuma yake kama mchele unaovuja kwenye gunia. Anapiga kelele neno lake moja. "Mbele! Mbele! Mbele!" Kwa sauti ileile ya kuliongoza lori. Mwamuzi mmoja anamwonyesha kidole atoke, yeye hata hamwoni.

Tukalikaribia shimo la saba. Nilimwona kijana wa nywele nyekundu anapunguza hatua. Wakimbiaji mnajua: ukianza kuhesabu hatua mbele ya kiunzi, umekwisha. Alipanda gogo kama mtu anayepanda kitanda, akakaa juu kidogo, akashuka kwenye kina. Mimi sikuhesabu. Siwezi kusema nilipanga. Mguu wa kushoto ulikanyaga mbao, spaiki zikauma, nikasikia zinavyong'oka, na nilipotua kulikuwa na maji ya kufunika kidole tu. Nikatoka nikiwa nyuma yake hatua moja, na yeye suruali imejaa maji.

Kiunzi cha mwisho tulikiruka pamoja, bega kwa bega. Kiwiko chake kilinipata shavuni, cha kwangu nadhani kilimpata pia. Sikuona utepe wala saa. Niliona tu zile taa za ubaoni zimefifia kwenye mvua, nikainamisha kifua, nikaanguka, na kitu kizito kikaniangukia juu chenye barafu.

Wa tatu. Pointi moja.

Nilimwandikia baba. Barua yake ilipofika ilikuwa na mstari mmoja kuhusu mvua, mmoja kuhusu ng'ombe, na mmoja kuhusu mbio zangu: hao wawili waliokutangulia ni wa wapi? Nikamjibu kwamba wa kwanza ni wa Marakwet. Hilo ndilo lililomuudhi zaidi.

Kilichonifanya niandike ni kwamba mimi na mrusha mkuki hatukubaliani hadi leo kuhusu siku ile. Yeye anaapa kwamba jumla ya pointi ilikuwa karibu mno na pointi yangu ndiyo iliyotuvusha. Amewasimulia watoto wake hivyo. Mimi nakumbuka basi likirudi kimya juu ya milima, kimya cha waliochapwa, na mtu nyuma akilaumu mbio za kupokezana vijiti. Mmoja wetu amekosea, na matokeo ya siku ile hakuna kati yetu aliyeyahifadhi. Nimewahi kufikiri kuyatafuta. Kisha nafikiri, nikiyapata itakuwaje? Nitamwambia yeye, au nitawaambia watoto wake?

Konferensi yenyewe mnajua ilivyokwenda. Utah na Colorado waliingia 2011, ikawa Pac-12. Mwaka 2022 USC na UCLA wakatangaza wanahamia konferensi nyingine, Big Ten, kufuata pesa za televisheni, kwa sababu mikataba ya Big Ten sasa ni ya mabilioni ya dola. Colorado wakaondoka Julai 2023. Ofisi ya konferensi ikaja na mkataba wa kuonyesha michezo kwenye mtandao wa Apple, na siku chache baadaye, Agosti 4, wakaondoka watano kwa siku moja: Oregon na Washington kwenda Big Ten, wale wawili wa Arizona na Utah kwenda Big 12. Septemba mosi Stanford na Berkeley wakaenda Atlantiki. Tukabaki wawili, sisi na Oregon State. Seattle sasa wanahesabiwa kundi moja na Rutgers ya New Jersey. Jirani wa Rutgers! Futiboli ndiyo iliyohama, na mkimbiaji wa viunzi akabebwa kama kuku kwenye tenga, hakuna aliyemuuliza.

Kesi ya kugombea nani anamiliki mali na bodi ya kilichobaki haikusikilizwa San Francisco wala Los Angeles. Ilisikilizwa Colfax, kwenye mahakama ileile tuliyokuwa tunaipita na basi. Vyuo vile viwili vilivyoachwa vikashinda. Nilipoisoma habari hiyo nilicheka peke yangu jikoni hadi mke wangu akaja kuangalia. Sasa wamekusanya wengine kuijaza upya kuanzia 2026, akina Boise State, San Diego State, Fresno State, Gonzaga. Jina ni lilelile. Sijui niwaite nani kwangu.

Rono alifariki Nairobi Februari 2024, wiki ileile tuliyompoteza Kiptum, mkimbiaji wetu wa marathoni, na nchi ilikuwa imejaa kilio kimoja hivi kwamba cha pili hakikupata nafasi. Mrusha mkuki ndiye aliyenitumia habari, kutoka Palouse, kabla sijaiona kwenye gazeti letu wenyewe. Septemba hiyo akaniandikia tena: tumewapiga Washington kwenye futiboli, 24 kwa 19, Seattle hukohuko. Herufi kubwa zote. Nikamuuliza hao si wametuacha, tunashangilia nini? Akasema nimekaa mbali sana.

Nikamuuliza bei ya ngano. Akasema mbaya. Nikamwambia na ya Moiben pia, akauliza kama bado tunakodi kombaini. Nikasema ndiyo, na bado tunangoja zamu.