Siku ya vigingi Laxton

Laxton, kijiji cha kaunti ya Nottinghamshire nchini Uingereza, hakina kituo cha treni, na mabasi ya vijijini huko ukiyategemea utalala njiani. Mimi nilipanda treni London King's Cross hadi Newark Northgate, mwendo wa saa moja na nusu hivi kuelekea kaskazini, kisha nikachukua teksi. Newark ina ngome kando ya mto Trent, ndimo alimofia Mfalme John mwaka 1216, lakini niliiangalia kupitia dirisha la gari tu. Ilikuwa Alhamisi ya mwisho wa Novemba, siku ambayo wakulima wa Laxton hutoka kukagua mipaka ya mashamba yao, na nilikuwa nimeonywa kwamba wakishapanda trela hawamsubiri mtu.

Kijiji chenyewe ni barabara moja ndefu yenye nyumba za matofali mekundu. Nyingi zimeipa barabara ubavu, na nyuma ya kila moja kuna ua, ghala na trekta zilizotapakaa tope. Hilo peke yake linakuambia kitu. Kwingi Uingereza mkulima anaishi peke yake katikati ya shamba lake. Laxton wakulima wanaishi pamoja kijijini, kwa sababu hakuna mwenye shamba lake mahali pamoja.

Zamani vijiji vingi vya katikati ya Uingereza vililima hivyo. Palikuwa na mashamba makubwa yasiyo na uzio, kila mkulima akiwa na vipande vyake huku na huko, ili udongo mzuri na mbaya wagawane wote. Kisha, hasa kati ya 1750 na 1850, Bunge likapitisha maelfu ya sheria za kuzungushia ardhi uzio. Wenye nacho wakapata mashamba ya kipande kimoja. Wengi wasio nacho wakapoteza malisho ya pamoja, wakabaki vibarua au wakaenda kutafuta kazi viwandani. Laxton uzio ulikula sehemu, ukaacha sehemu: West Field, South Field na Mill Field zipo hadi leo, zinalimwa kwa utaratibu uleule. Moja hupandwa ngano ya majira ya baridi, ya pili mazao ya masika, ya tatu hupumzishwa au huoteshwa majani ya mifugo, na mwaka ukigeuka zinabadilishana zamu.

Kuna ramani ya kijiji hiki iliyochorwa na Mark Pierce mwaka 1635 kwa amri ya mwenye ardhi wa wakati huo, Sir William Courten. Ya asili inatunzwa katika maktaba ya Bodleian, Oxford. Nimeitazama nakala yake kwa muda mrefu. Kila kipande kimechorwa, na humo ndani vijitu vidogo vinalima, vinapanda, vinavuna. Mtu aliyeizoea angeweza kutembea nayo Laxton leo na asipotee.

Tulikusanyika Dovecote Inn, baa ya kijiji. Kundi lenye kazi siku hiyo tungeliita wazee wa baraza, ingawa baadhi yao walikuwa vijana wa makamo wenye buti za mpira. Hao ni wakulima walioapishwa na mahakama ya kijiji, Court Leet, kukagua shamba lililopandwa ngano mwaka huo. Trela ilitutikisa hadi shambani, upepo ukikata masikio. Wakateremka na nyundo kubwa na mzigo wa vigingi vya mti.

Kazi ilikwenda polepole kuliko nilivyotarajia. Wanasimama mwisho wa kipande, mmoja anafumba jicho kama mpiga bunduki kutazama mstari hadi upande wa pili, mwingine anahesabu hatua, wanabishana kidogo, kisha kigingi kinagongelewa. Hapo wakafika mahali ambapo plau ilikuwa imemega ukingo wa majani. Kingo na vibonde hivyo vya majani huitwa sykes, havilimwi, na majani yake hukatwa yakakaushwa. Jirani alipima kwa buti, akasema kama futi moja na nusu. Mwenye kipande alikuwa hapohapo, naye ni mmoja wa wakaguzi. Akakuna kichwa, akasema trekta mpya ni pana. Wote wakacheka, na jina lake likaandikwa.

Wiki moja baadaye mahakama hukaa, palepale baa, wakili msimamizi akiiongoza. Faini ni pauni chache. Kinachouma, aliniambia mzee mmoja, ni kusomwa jina mbele ya majirani wenye glasi mkononi. Bunge lilipozivua mamlaka mahakama za aina hii nchini mwaka 1977, ya Laxton iliachiwa yake. Mimi nimetoka kijiji ambacho mgogoro wa futi moja unaweza kupanda kutoka kwa mwenyekiti hadi baraza la ardhi la wilaya, watu wakauza ng'ombe kulipia nauli. Sikujizuia kuona wivu.

Wivu ukapungua tulipoanza kuzungumza habari za mmiliki. Wakulima hawa wanahukumiana juu ya futi moja ya udongo ambao wengi wao wanaukodi tu. Ukoo wa Earl Manvers uliuza eneo hili kwa Wizara ya Kilimo mwaka 1952. Mwaka 1981 likahamia Crown Estate, shirika linalosimamia mali za ufalme, nalo likaliuza mwaka 2020 kwa Thoresby Estate, yaani kwa warithi wa ukoo uleule wa Manvers. Mahakama inaweza kumtoza mkulima faini kwa kumega ukingo. Nani auziwe kijiji kizima, hilo haiulizwi.

Kabla ya teksi kurudi nilisoma ubao wa matangazo wa baraza la parokia. Hilo ndilo serikali ya kawaida ya kijiji, ngazi ya chini kabisa, chini ya wilaya ya Newark and Sherwood na kaunti ya Nottinghamshire. Zamani mambo ya parokia, kuanzia barabara hadi chakula cha maskini, yaliamuliwa kwenye kikao cha kanisa, kasisi na wenye mali wakitawala mazungumzo. Sheria ya 1894 ikaleta mabaraza ya kuchaguliwa, na wanawake, hata walioolewa, wakaruhusiwa kupiga kura na kugombea miaka mingi kabla ya kuruhusiwa kuchagua wabunge. Madiwani wake hawana mshahara. Pesa zao ni nyongeza ndogo juu ya kodi ya nyumba inayokusanywa na wilaya. Mtu akitaka kujenga ghala wao hutoa maoni, uamuzi ni wa wilaya. Barabara ikichimbika huiandikia kaunti barua na kusubiri. Ajenda lazima ibandikwe siku tatu kamili kabla ya kikao, ili mwanakijiji yeyote aje kusikiliza. Habari za plau na futi moja na nusu hazimo humo. Hizo zilikuwa zikisubiri Alhamisi iliyofuata, Dovecote Inn.