Shabiki wa Sokoine mbele ya kamera

Filamu nyingi za mpira huku kwetu zinaharibikia mahali pamoja. Mtu aliyefuata timu miaka yote anakalishwa kwenye kiti, nyuma yake bango la mdhamini, anaulizwa "unajisikiaje?" Anajibu kama anasoma risala. Inauma, kwa sababu waliokuwa Uwanja wa Sokoine, Mbeya, msimu wa 2013/14, Mbeya City ilipopanda Ligi Kuu na kumaliza ya tatu, wana mengi ya kusema.

Shabiki mrekodi akiwa kazini. Kama ni mama anayeuza chai na chapati nje ya uwanja, na mechi ni saa kumi jioni, fika kwake asubuhi anapokanda unga. Mikono ikiwa na shughuli, ulimi unalegea wenyewe. Muulize vitu vya kushikika: timu ikifungwa, zinabaki chapati ngapi? Mwombe aingize swali ndani ya jibu, maana sauti yako itakatwa. "Kumi" haitakusaidia kitu. "Tukifungwa nabaki na chapati kumi" inajitosheleza.

Sauti ndiyo inayoua kazi nyingi zaidi. Maiki ya kifuani ikae kiganja kimoja chini ya kidevu. Jezi ya polista ikiisugua inatoa mkwaruzo usiotoka hata kwa uhariri, kwa hiyo ibane kwa tepu pande zote mbili, na waya uukunje kitanzi kidogo chini yake ili ukivutwa usiitikise. Jukwaani, kwenye kinasa sauti, mazungumzo yacheze karibu na -12 dB (desibeli, kipimo cha ukubwa wa sauti), na chaneli ya pili, inayorekodi sauti hiyohiyo, uishushe dB 10 zaidi. Goli likiingia, ngoma na vuvuzela zitapasua ya kwanza. Ya pili itakuwa salama. Sauti iliyopasuka haitengenezeki. Kabla hujaondoka, rekodi dakika nzima ya mlio wa mahali bila mtu kuhojiwa. Mhariri ataitumia kuziba mapengo.

Baridi ya Juni na Julai nayo ina mambo yake. Kamera ikitoka nje alfajiri na kuingia jikoni penye moto, lenzi inashika ukungu; iache ndani ya begi lililofungwa kama nusu saa. Betri za akiba ziweke mfuko wa ndani wa koti.

Halafu, tafadhali, usimwombe mtu arudie kushangilia. Itaonekana tu.

Karatasi ya ridhaa iwe ya Kiswahili, isomwe kwa sauti, itaje filamu itaonyeshwa wapi. Mwenye umri chini ya miaka 18 asainiwe na mzazi. Ukivuruga siku ya biashara, ilipe, na bei mpatane kabla ya kuwasha kamera. Watengenezaji wa Hoop Dreams ya Marekani, iliyotoka 1994 baada ya kuwafuata vijana wawili wa kikapu wa Chicago kwa takriban miaka 5, waliwagawia mapato watu waliozungumza ndani yake. Mwisho, uliyemrekodi mwonyeshe vipande vyake kabla filamu haijatoka, hasa alipomtaja jirani, mume au deni. Akisema hapo patoke, patoe.