Siku moja korona (ya mkonge, si ya ugonjwa)

Saa kumi na nusu alfajiri. Simu inalia, naizima kabla haijamwamsha mtoto. Chai ya rangi, kiporo cha wali, baiskeli. Kutoka kwangu hadi kiwandani ni mwendo wa dakika 20 katikati ya mistari ya mkonge, na kabla hujaziona taa harufu imeshakufikia: uchachu fulani, kama machicha ya nazi yaliyolala siku tatu. Wageni huziba pua. Sisi tuliozaliwa kambini, kwenye nyumba za wafanyakazi wa shamba, huisikia tu tukitoka safari.

Mimi ni fundi mitambo katika shamba moja la mkonge huku Korogwe. Mtambo wetu wa kuchakata unaitwa korona, na uliitwa hivyo miaka mingi kabla ya ugonjwa. Jina limebaki kutoka kwenye mashine za Kijerumani zilizokuwa na chapa ya Corona. Mwaka 2020 shemeji yangu wa Dar alinipigia, nikamwambia niko korona tangu asubuhi. Alinyamaza kidogo, kisha akaanza kuniombea dua.

Saa kumi na moja na nusu. Umeme haujawashwa, nami niko chini ya ngoma, tochi mdomoni. Korona ina ngoma mbili. Jani linabanwa na kupelekwa kwenye ngoma ya kwanza, linapigwa nusu moja, halafu linashikwa upande uliokwisha safishwa ili ngoma ya pili imalizie nusu iliyobaki. Visu vya ngoma ni butu. Havikati, vinaponda nyama ya jani kwenye bamba la chuma huku maji yakimwagika. Nafasi iliyopo kati ya kisu na bamba ndiyo ugali wetu. Ikiwa pana, singa, yaani nyuzi za mkonge, zinatoka na nyama ya kijani, zikikauka zinakakamaa. Ikiwa finyu zinakatika, na singa fupi zina bei yake, bei ya aibu. Mzee aliyenifundisha hakuwa na kipimo. Alikuwa anachana kipande cha pakiti ya sigara, anakipitisha pale, anasikiliza kinavyokwaruza. Mimi nimepewa vipimo vya chuma vinavyosoma hadi sehemu ya milimita. Navitumia, naandika kwenye daftari. Halafu nachana pakiti.

Saa kumi na mbili. King'ora. Tela la kwanza limeshafika, wapangaji wanamwaga majani kwenye mkanda na kuyalaza sawasawa. Wakataji wako shambani tangu giza, kila mmoja na kisu chake, majani 30 kwa mzigo mmoja. Hapo mashine haijaweza kumshinda binadamu: majani ya chini ndiyo yaliyokomaa, ya juu yanaachwa yaendelee, na kila ncha ni mwiba. Ila yakishakatwa yana haraka. Ndani ya siku mbili yawe yamepita kwenye ngoma, la sivyo yananyauka na singa hazitoki vizuri. Korona nzima inameza zaidi ya majani 20,000 kwa saa. Na katika kila kilo 100 za majani, singa ni kama kilo 4 tu. Zilizobaki zinaondoka na maji mferejini.

Saa mbili na robo. Nasikia kabla sijaona. Ni mlio mwembamba, kama paka aliyekanyagwa mkia mbali. Beringi ya ngoma ya pili. Nanyoosha mkono juu, wa swichi anazima, na ule ukimya unaokuja baada ya korona kuzimwa ni mzito, hata walio jikoni wanatoka kuangalia.

Maji ya mkonge yana asidi, yanakula chuma polepole. Beringi imekufa, hilo tulilitarajia. Tatizo ni kwamba shingo ya shafti nayo imelika, kwa hiyo inacheza ndani ya beringi mpya niliyo nayo stoo kama kidole kwenye pete ya mtu mwingine.

Kwenye misiba na vijiweni watu huniuliza sana, fundi, hizi mashine si ndizo zinazomaliza kazi za watu? Laiti wangekuwepo leo saa mbili na nusu. Wapangaji wamekaa chini. Madereva wa matrekta wamelala kwenye usukani. Kina mama wa kuanika hawana cha kuanika. Msimamizi ameshapiga simu shambani kwamba kesho ukataji upunguzwe, na mkataji analipwa kwa mzigo, si kwa kuamka mapema. Ngoma moja imesimama, na shamba zima halina kazi. Mimi sijawahi kuona mashine inayofanya kazi ikileta njaa ya haraka namna hiyo.

Zamani tungesubiri kipuri wiki, pengine mwezi. Leo nimepima shingo kwa kaliba, nikapiga picha, nikamtumia kijana mmoja wa kukereza vyuma Tanga mjini. Dakika tano akajibu: "Bushi ya shaba au chuma, kaka?" Bushi ni kipete cha kuvalishwa shingo ili beringi ibane. Nikamwambia shaba. Saa nne na robo bushi iko kwenye basi, amekabidhiwa kondakta, namba ya gari imo kwenye simu yangu.

Saa nne na nusu hadi saa sita. Chini ya mwembe. Mjadala unaanzishwa na kijana wa stoo, ana video ya Brazili. Jimbo la Bahia wanatumia vimashine vidogo vya kuhamishika, vinakwenda mpaka kwenye mkonge wenyewe, mtu analisha kwa mkono jani moja moja. "Kwa nini na sisi kila mkulima asiwe na kake?" anasema. "Kakiharibika kamoja, wengine wanaendelea."

Hoja yake ina nguvu, leo hasa. Wakulima wadogo wamekuwa wengi, na wanapanga foleni kwenye korona za mashamba makubwa huku majani yao yananyauka. Lakini dereva mmoja mtu mzima akamwambia, "Mwanangu, itazame hiyo video tena, tazama vidole vya huyo bwana." Vimashine hivyo vimewakata mikono watu wengi kule. Tena vinachakata bila maji, singa hazitoki nyeupe kama zetu. Brazili ndiyo ya kwanza duniani kwa wingi wa mkonge, sisi tunafuata. Weupe wa singa ndio unaotutetea sokoni.

Tulikuwa wa kwanza sisi. Mkonge uliletwa na Mjerumani Richard Hindorf mwaka 1893: miche 1,000 ilisafirishwa kutoka Florida, iliyofika hai ni 62. Kutoka hiyo 62, mwaka 1964 nchi ikatoa tani kama 230,000. Wazee husema kilichoua zao hili ni kutaifisha mashamba baada ya 1967, na wana haki kwa sehemu. Lakini hapo hapo kwenye tela, turubai lililofunika majani limefungwa kwa kamba ya plastiki, ya buluu. Shamba la mkonge, kamba ya plastiki! Nilimwonyesha kijana kwa kidole. Akacheka, akasema ile ya katani ni ghali zaidi.

Saa saba kasoro. Basi. Bushi ina joto la jua, imekaa kama imezaliwa pale. Saa nane na dakika kumi ngoma inazunguka. Nachana pakiti, nasikiliza, nampa ishara wa swichi.

Saa kumi na moja jioni. Tumeongeza muda kufidia. Napita uwanja wa kuanikia, mistari ya nyaya imejaa singa nyeupe mpaka macho yanauma. Mama yangu alianika hapa miaka 19. Ofisini kuna mpango wa mashine ya kukaushia, nimeona michoro. Nikiulizwa kama fundi nitasema inunuliwe: singa zikinyeshewa zinapata madoa, zinashuka daraja, na masika tunapoteza siku nyingi tukiangalia mawingu. Nikiulizwa kama mtoto wa muanikaji sijui nitasema nini.

Mama mmoja, rika la shangazi yangu, alikuwa anageuza fungu la mwisho.

"Shikamoo mama."

"Marahaba, fundi. Leo umetulaza njaa."

"Beringi, mama."

"Eti hiyo mashine ya kukaushia ipo kweli?"

"Bado ni maneno tu."

"Mvua ikinyesha inafanya kazi?"

"Inafanya."

Akalinyoosha lile fungu kwenye waya, akachambua singa mbili tatu zilizokatika, akazitupa.

"Basi wataleta," akasema.