Dirisha la ukumbini na silikoni ya kazi bure

Ukumbi wetu hapa Bububu unatazama kusini. Masika yakishika na upepo ukigeuka kusi, mvua haianguki tena, inapigwa ubavuni, na yote inaishia kwenye kioo kimoja kikubwa kisichofunguka. Masika mawili tumelaza taulo kizingitini na kulikamua kila asubuhi.

Mwanzo nilifanya anavyofanya kila mtu: nikanunua silikoni, nikapaka kwa ndani juu ya ile kuukuu. Kazi bure. Silikoni mpya haishiki juu ya ya zamani, na ukiziba ndani maji yameshaingia ukutani. Plasta ikavimba.

Safari hii sikununua kitu kwanza. Siku kavu nilimweka mwanangu nje na mpira wa maji, mimi ndani na tochi. Tulianzia chini tukapanda pole pole, dakika kama kumi kila mahali, maana ukianzia juu maji huteremka na hujui yameingilia wapi. Chini pakavu. Ubavuni pakavu. "Baba, mkono unaniuma," akalalama. Alipofika pembe ya juu kushoto, tone likaning'inia. Kumbe baina ya fremu na plasta pana ufa wa kupenya kadi ya simu. Maji yakiingilia juu, yakishuka ndani ya ukuta, yakitokea kizingitini.

La pili liliniudhi zaidi. Fremu ya aluminiamu ina vitundu chini, upande wa nje, vya kutolea maji. Fundi aliyelifunga aliviziba vyote! Nilivizibua kwa msumari, yakatoka maji meusi yenye mchanga.

Kukwangua silikoni kuukuu kwa wembe kulinila asubuhi nzima, juu ya ngazi, na mama akipita kuniuliza kama bado nipo na kidirisha hicho hicho. Nikafuta kwa spiriti, nikaacha pakauke. Dukani niliikataa ile inayonuka siki, kwani asidi yake hugombana na saruji. Nikataka inayoshika saruji na aluminiamu. Tepu ya karatasi juu na chini ya ufa, silikoni mkupuo mmoja, kidole kilichochovywa maji ya sabuni kikapita mara moja, tepu nikaibandua ingali mbichi. Vitundu sikuvigusa.

Siku ya tano ikanyesha usiku. Niliamka nikapapasa kizingiti gizani: vumbi tupu. Taulo sasa linafutia baiskeli.