Daftari la shuka lilivyonitetea mahakamani

Niliingia chumba cha dobi cha hospitali moja ya kaunti hapa Kenya mwezi wa Machi 2015, nikiwa kibarua. Kila asubuhi niliandika kwenye daftari: tarehe, wodi, shuka ngapi, blanketi ngapi. Sista aliyepokea alitia saini pembeni. Sikuwa na wazo la kesi. Shuka zilikuwa zikipotea, na zikipotea, anayekatwa pesa ni kibarua, kwa hivyo nilijilinda.

Kila baada ya miezi 3 msimamizi alitukusanya na kutuambia tupumzike siku 3, kisha turudi. Tulishukuru. Mwaka 2021, tulipokwenda kwa afisa wa leba kuuliza kuhusu michango yetu ya NSSF, yaani mfuko wa taifa wa hifadhi ya jamii, ndiye aliyetufumbua macho: zile siku 3 zilikuwa za kukata mfululizo, ili kila mara tuonekane tumeajiriwa upya. Nililia siku ile, nakiri. Miaka 6 nilikuwa nikishukuru kwa kitu kilichokuwa kikininyima haki yangu.

Akatusomea Sheria ya Ajira ya 2007. Kibarua ni mtu anayelipwa mwisho wa siku na asiyeajiriwa kwa zaidi ya saa 24 kwa wakati mmoja. Sisi tulilipwa mwisho wa mwezi, kwa simu. Kisha akatuonyesha kifungu cha 37: kibarua akifanya kazi mfululizo kwa siku zinazofika mwezi mmoja, ajira yake inahesabiwa kuwa ya mwezi hadi mwezi. Akiendelea miezi 2 au zaidi, anastahili masharti ambayo angepata kama asingeanza kama kibarua. Mahakama ina uwezo wa kutamka hivyo.

Tulikuwa 14. Watatu walijiondoa kwa hofu ya kufutwa, na siwalaumu hata kidogo, maana walikuwa na watoto shuleni. Kinachoniuma hadi leo ni mama mmoja aliyeachishwa 2017. Alitaka kujiunga nasi, lakini sheria inampa mtu miaka 3 tu ya kufungua madai ya aina hii, na yake ilikuwa imekwisha. Kama unasoma haya na umeachishwa kazi, angalia tarehe kwanza kabla ya jambo lingine lolote.

Tuliobaki 11 tukachanga, tukapata wakili, tukafungua kesi katika Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi. Kaunti ilijibu kwamba sisi ni vibarua wa msimu, na ikaleta orodha yake yenye mapengo ya siku 3 kila baada ya miezi 3. Wakili aliniuliza kama nina chochote cha kuonyesha nilikuwa wapi siku hizo. Nikakumbuka daftari.

Wodi ya wazazi haina mapumziko. Wanawake hujifungua usiku na mchana, na shuka zikiisha sista alikuwa ananipigia simu hata nikiwa kwenye hizo siku 3. Nilikuwa nakwenda, nafua, naandika. Usiku ule nilikaa na orodha ya kaunti upande mmoja na madaftari yangu 4 upande mwingine, nikifuata tarehe kwa kidole. Juni 30, 2018, kwao ni pengo. Kwangu ni wodi ya wazazi, shuka 46, na saini ya sista ambayo nusu yake imefutwa na tone la jiki. Nilipata kurasa kama hizo 19. Tukaziunganisha na taarifa za M-Pesa zilizoonyesha malipo ya mwezi baada ya mwezi.

Siku ya ushahidi, wakili wa kaunti aliniuliza, "Una barua ya kuajiriwa?" Nikamjibu sina, sikupewa. Alirudia swali hilo mara tatu kana kwamba hapo ndipo mwisho wangu. Wakili wetu akasimama na kueleza kwamba kuandika mkataba ni wajibu wa mwajiri, na asipoutoa mahakamani, mzigo wa kuthibitisha masharti ya kazi unamwangukia yeye.

Tulishinda, ingawa si kila tulichoomba. Jaji alitamka kwamba ajira yetu ilikuwa imegeuka kuwa ya mwezi, akaagiza tulipwe siku za likizo na michango ya NSSF ipelekwe. Lakini ombi la kutufanya wafanyakazi wa kudumu wenye pensheni alilikataa. Alisema nafasi za umma zinajazwa na Bodi ya Utumishi wa Umma ya Kaunti kwa ushindani wa wazi. Wenzangu wengine walivunjika moyo. Mimi naona alisema haki, kwa sababu kuna vijana nje wenye sifa kama zetu ambao pia wanangoja tangazo.

Tangazo lilipotoka 2023 niliomba, nikaambatanisha hukumu kama uthibitisho wa miaka yangu ya kazi. Saba kati yetu tulichukuliwa. Barua yangu ina namba ya ajira, na nimeilaza ndani ya daftari la 2018.

Wanne waliobaki wako kwenye mkataba wa mwezi hadi mwezi. Wanafua nami chumba kilekile, mashine zilezile. Tangazo jingine likitoka, fomu zao tutazijaza pamoja mezani pangu.