Uwanja wa Mbao wa Boedo

Usiku huu nimeitazama picha moja ya zamani kwa zaidi ya saa nzima. Ni picha ya jukwaa la mbao, refu kama ukuta wa ghala, limejaa wanaume waliovaa makoti na kofia, wamebanana bega kwa bega hata mbao zenyewe hazionekani isipokuwa pembezoni, kwenye nguzo za chuma zinazozishikilia. Chini ya jukwaa, kivulini, mtoto mmoja ameinama na kuchungulia uwanjani kupitia upenyo kati ya mbao mbili. Uwanja huo ulikuwa Avenida La Plata, katika mtaa wa Boedo jijini Buenos Aires, nao uliitwa Gasómetro kwa sababu watu waliouona kwa mbali waliufananisha na matangi makubwa ya gesi ya mjini. Ulikuwa nyumbani kwa San Lorenzo de Almagro, klabu ya mpira ya Argentina ambayo nimeifuatilia tangu ujanani, na leo nimeona niandike kwa nini historia yake imeniganda moyoni kiasi hiki.

Klabu hiyo ilizaliwa barabarani. Mwanzoni mwa karne iliyopita, kundi la vijana wa mtaa wa Almagro walikuwa wakicheza chandimu kwenye makutano ya barabara za México na Treinta y Tres Orientales, nao walijiita Los Forzosos de Almagro. Siku moja mmoja wao, akiukimbilia mpira, nusura agongwe na tramu. Padre Lorenzo Massa, wa shirika la Kikatoliki la Wasalesiani, aliyeishi jirani, aliliona tukio hilo, akawaita vijana wale na kuwapa ruhusa ya kuchezea kwenye ua wa kanisa, kwa sharti moja kwamba Jumapili wahudhurie misa. Walikubali. Tarehe 1 Aprili 1908 walikutana humo uani na kuunda klabu rasmi. Vijana walitaka iitwe kwa jina la padre, naye akakataa. Hatimaye akaridhia jina la San Lorenzo, alipokwisha kuelewana nao kwamba litamheshimu shahidi Laurenti na vilevile vita vya San Lorenzo vya mwaka 1813, ambavyo kila mtoto wa Argentina hufundishwa shuleni. Mashabiki wao mpaka leo huitwa Kunguru, kutokana na kanzu nyeusi ya padre huyo.

Nilipoisoma habari hiyo kwa mara ya kwanza nilisisimka, kwa kuwa mimi pia nilijifunzia mpira kwenye ua wa Wasalesiani. Mapadre wa shirika hilo walifika Tanzania mwanzoni mwa miaka ya 1980, na popote walipoweka makazi walitenga kiwanja kwa ajili ya vijana, kama alivyoelekeza mwanzilishi wao, Don Bosco. Uani kwetu hakuna aliyeulizwa dini yake wala kabila lake. Wenzangu Waislamu walikwenda kuswali alasiri kisha wakarudi kumalizia kipindi cha pili. Jua lilipokaribia kuzama kengele iligongwa, nasi tuliketi chini huku jasho likitutiririka, na padre alitupa maneno machache ya kutuaga kabla ya kurudi majumbani. Mara nyingi maneno yale hayakuzidi dakika tatu. Kwa hiyo ninaposoma kwamba klabu kubwa ya Amerika ya Kusini, yenye maelfu kwa maelfu ya wanachama, ilianzia kwenye ua wa namna ileile, kati ya ukuta wa kanisa na barabara, naijua vumbi yake bila ya kusimuliwa.

San Lorenzo ilicheza ligi kuu kwa mara ya kwanza mwaka 1915, na tarehe 7 Mei 1916 uwanja wa Avenida La Plata ukafunguliwa. Ulikua kidogo kidogo, ubao kwa ubao, mpaka ukawa mmojawapo wa viwanja vikubwa kabisa nchini humo, wenye kuingiza watu wapatao 75,000. Ubingwa wa kwanza ulipatikana mwaka 1923. Kwa mtu ambaye hajaizoea Argentina ni vema nieleze kwamba klabu za kule si kampuni za tajiri mmoja. Ni vyama vya wanachama wanaolipa ada na kuchagua viongozi wao kwa kura, na uwanja wa mpira ni sehemu tu ya mali ya pamoja. Pale Boedo palikuwa pia na mpira wa kikapu na michezo mingine, na siku za kanivali watu walifurika kucheza dansi. Mwanamume aliyemfahamu mkewe kwenye dansi hilo, akamlea mwanawe kwenye majukwaa yale, alikuwa na kila sababu ya kuuona uwanja huo kama chumba cha nyumba yake mwenyewe.

Kikosi kinachosimuliwa zaidi ni cha mwaka 1946, kikiongozwa na washambuliaji watatu, Armando Farro, René Pontoni na Rinaldo Martino. Baada ya kutwaa ubingwa walifunga safari ya Ulaya, na huko waliifunga timu ya wachezaji teule wa Hispania mabao 7 kwa 5 jijini Barcelona na ile ya Ureno mabao 10 kwa 4. Mtoto mmoja wa mtaa wa Flores, Jorge Bergoglio, alikuwa na miaka tisa wakati ligi ile ikichezwa, naye alipokuwa mzee alisema kwamba alikwenda uwanjani takriban kila mechi ya nyumbani. Miaka ishirini na miwili baadaye kikaja kikosi cha mwaka 1968, walichokiita Los Matadores, kilichochukua ubingwa wa Metropolitano, mojawapo ya mataji mawili ya ligi ya nchi kila mwaka enzi hizo, bila kupoteza mchezo hata mmoja. Mwaka 1972 San Lorenzo ilitwaa mataji yote mawili ya nchi. Nayapita haraka mataji hayo, ingawa kila moja lina hadithi yake, kwa sababu kinachonikosesha usingizi ni yaliyofuata.

Mwaka 1976 majenerali waliipindua serikali ya Argentina. Jiji la Buenos Aires likawekwa chini ya Brigedia Osvaldo Cacciatore, aliyebomoa mitaa mizima ili kupitisha barabara kuu. Klabu ilikuwa imelemewa na madeni, na utawala ule uliishinikiza iachie ardhi yake, kwa maelezo kwamba patapitishwa barabara na kujengwa nyumba za kuishi. Tarehe 2 Desemba 1979 San Lorenzo ilicheza na Boca Juniors kwenye uwanja ule, na ngoma ikaisha kwa suluhu. San Lorenzo ilipata penalti. Hugo Coscia akapiga, Hugo Gatti akaidaka. Wengi waliotoka uwanjani jioni hiyo hawakujua kwamba ndio mwisho, wala kwamba hawatapanda tena ngazi zile za mbao. Majukwaa yalibomolewa. Barabara haikupita, nyumba hazikujengwa, na baada ya muda si mrefu ardhi iliuzwa tena kwa bei iliyozidi ile ya awali mara kadhaa. Katikati ya miaka ya 1980 pakawa na duka kubwa la Carrefour. Watu wa Boedo walinunua mkate na maziwa palepale walipokuwa wakishangilia mabao, na wapo walioapa kutokanyaga mlango wa duka hilo maisha yao yote.

Hapa naomba niseme la kwangu. Kiwanja chetu cha mtaani, kile cha mchangani tulichokitumia siku ambazo ua wa mapadre ulikuwa umefungwa, kilizungushiwa mabati asubuhi moja bila ya yeyote kuitwa kikaoni. Tulisimama pale watoto wapatao ishirini, mpira mkononi, tukiwatazama mafundi wakichimba mashimo ya nguzo pale pale penye goli la upande wa kaskazini. Tuliambiwa kwamba panajengwa kitu cha faida kwa mtaa. Sikuwahi kuona faida hiyo. Timu yetu haikudumu hata mwaka mmoja baada ya siku ile. Hapakuwa na ugomvi wala aliyetangaza kuivunja, bali kila mmoja alipata shughuli nyingine alasiri. Ndiyo maana nasema, kwa uzito wote, kwamba anayeichukua ardhi ya klabu ya mtaa huwa ameichukua klabu yenyewe, hata kama jezi na jina vimebaki, na kinachonishangaza kwa San Lorenzo ni kwamba watu wake walikataa jambo hilo liwe kweli.

Walikataa wakati mgumu kuliko wote. Agosti 1981, wakiwa hawana uwanja, walihitaji sare tu dhidi ya Argentinos Juniors ili wasishuke daraja. Walipata penalti wakaikosa, wapinzani wakapata ya kwao wakaifunga, na kwa bao hilo moja San Lorenzo ikawa ya kwanza kushuka kati ya klabu tano kubwa za nchi hiyo. Mwaka uliofuata, wakicheza daraja la pili kwenye viwanja vya kuazima, waliingiza watazamaji wengi kuliko klabu za daraja la kwanza, wakapanda tena msimu uleule. Waliendelea kutangatanga mpaka Desemba 1993, walipofungua uwanja mpya huko Bajo Flores, kilomita chache kutoka Boedo. Ni uwanja mzuri, wa zege. Hata hivyo, mashabiki hawakuacha kuimba kwamba watarudi.

Na kuimba kukageuka kazi. Wanachama walikusanya hati na saini, wakaandika historia ya jinsi ardhi ilivyoondoka mikononi mwao, wakabisha hodi kwa wabunge wa jiji mmoja baada ya mwingine. Tarehe 8 Machi 2012 umati mkubwa uliandamana hadi Plaza de Mayo, uwanja mkuu wa katikati ya jiji, na Novemba mwaka huohuo bunge la jiji likapitisha sheria ya kuirejesha ardhi ile kwa klabu, kwa sharti kwamba klabu ilipe fidia. Fedha zilichangwa kwa njia ambayo huniliza kila nikiifikiria: mashabiki walinunua mita za mraba, mmoja mita moja, mwingine kwa jina la baba yake aliyekwisha kufariki. Tarehe 1 Julai 2019 klabu ilikabidhiwa ardhi yake.

Katikati ya safari hiyo, Machi 2013, yule mtoto wa Flores alichaguliwa kuwa Papa Fransisko. Alikuwa mwanachama mwenye kadi namba 88235, na alibatizwa katika kanisa la Wasalesiani la Almagro, mtaa ambamo Padre Massa aliwaokota vijana wake. Mwaka uliofuata, tarehe 13 Agosti 2014, San Lorenzo ilitwaa Copa Libertadores, kombe kubwa la klabu za Amerika ya Kusini ambalo ilikuwa haijawahi kulipata, kwa kuifunga Nacional ya Paraguay bao 1 kwa 0. Bao hilo lilikuwa la penalti. Néstor Ortigoza aliuweka mpira, akapiga, ukaingia, nami nilipoitazama baadaye niliwakumbuka Coscia na wale wa 1981. Papa alifariki tarehe 21 Aprili 2025, na klabu imetangaza kwamba uwanja utakaojengwa Boedo utaitwa kwa jina lake.

Wiki iliyopita nilipita kwenye ua wetu wa zamani, ambao bado una goli zilezile za chuma, na kijana mmoja akaniuliza kwa nini timu ya Papa haichezi mtaani kwake. Nilimjibu nilivyoweza, lakini alitaka kujua mbao zile zilikuwaje, nami sikuwa na kitu cha kumwonyesha. Picha hii nimekwisha kuichapisha. Jumamosi nitampelekea, nimwonyeshe kwanza yule mtoto aliyeko chini ya jukwaa.