Dada zangu wa Beirut

Watu wa hapa Kondele, Kisumu, wakiniuliza Beirut niliishi na nani, huwajibu kwamba niliishi na dada zangu. Wengi hudhani ni Wakenya wenzangu.

Walikuwa wanawake transjenda, yaani wanawake ambao walipozaliwa waliitwa wavulana, Walebanoni na Wasyria, katika nyumba ya kupanga Karantina, kando ya bandari. Nilikuwa nimetoroka kwa mwajiri aliyekalia pasipoti yangu, na kwa mfumo wa kafala, unaofunga kibali cha mfanyakazi mgeni kwa mwajiri wake, ukitoroka huna kibali tena. Mkubwa wao, tuliyemwita Mama, aliniuliza tu kama nimekula.

Chini ya kitanda chake kulikuwa na kopo la biskuti lililojaa picha. Tukimaliza kula alizitandaza mkekani akamtaja kila mmoja kwa jina alilojichagulia. Huyu gauni hili alilishona mwenyewe kwa pazia. Huyu akiimba nyimbo za Fairuz, yule mwimbaji wa Lebanon, majirani walizima redio. Huyu alizikwa kijijini kwao amevalishwa suti na tai, padri akataja jina aliloliacha zamani. Wenzake aliokula nao miaka yote walizuiwa getini.

Mimi ni Mluo, hilo liliniuma mahali ninapopajua. Mwaka 1987 mjane Wambui Otieno alishindwa mahakamani, ukoo wa Kiluo wa Umira Kager ukamzika mumewe, S.M. Otieno, kijijini Nyalgunga. Ikiwa mke wa ndoa alinyimwa mwili, dada wa kuchaguana atasimama na karatasi gani?

Bandari ilipolipuka tarehe 4 Agosti 2020, watu zaidi ya 200 wakafa, nami nilikuwa nimesharudi Kisumu. Simu ya Mama ilipoingia alisema dari imeanguka, picha zipo. Tukaanza kazi hapo: yeye ananitumia sauti, mimi naandika daftarini jina, mtaa, chakula alichopenda mtu.

Mwaka 2016 mahakama ya rufaa ya Beirut ilimkubalia mwanamume mmoja transjenda abadilishe rekodi zake za kiserikali. Lakini kesi inataka wakili, na wakili anataka pesa. Kitambulisho cha Mama bado kinasema mwanamume, na kila kizuizi cha polisi anakipita roho mkononi, kwa sababu kifungu cha 534 cha sheria ya jinai ya Lebanon, kinachoadhibu ngono "kinyume cha maumbile", kinaweza kumfunga mtu hadi mwaka mmoja.

Juzi amenitajia jina analotaka lisomwe siku yake. Nimeliandika, na binti yangu nimemwonyesha daftari linapokaa. Ndugu zake wakituzuia mwili, tutakaa matanga hapa hapa Kondele, na jina hilo ndilo litakalosomwa.